Maswali ya Wasomaji: Hondohondo Aliyejikandika Ndani ya Mti

Safu ya toleo hili nimeitoa yote kwa ndege mmoja. Barua ya kwanza ilitoka Gede, na nilipoidokeza katika toleo lililopita zikafuata nyingine kutoka Malindi mjini, Watamu na Lamu, zote zikimuulizia hondohondo. Ile ya Gede nimeipa nafasi kubwa kuliko zote, kwa kuwa mwenyewe anangoja jibu hili kabla ya kumpa mtu mwingine jibu lake.

*Assalamu alaykum. Mimi ni mkulima, na shamba langu liko Gede, upande unaoelekea msituni. Ndani ya shamba pana mbambakofi mkongwe tulioachiwa na marehemu baba. Juu kabisa, mahali tawi kubwa lilipovunjika zamani, pana tundu. Tangu mwisho wa Septemba nimewaona hondohondo wawili wakilizunguka: weusi, wenye tumbo jeupe, wakiruka ukingo wa bawa waonekana mweupe, na ngozi ya kuzunguka jicho ni ya rangi ya waridi. Sasa tundu limezibwa kwa kitu kama udongo mkavu, umebaki ufa tu, na ni dume peke yake anayekwenda na kurudi. Nikisimama chini husikia kugongwa kutoka ndani. Jirani yangu mmoja asema dume amemfungia mkewe kwa wivu. Mwingine asema mti wa namna hiyo una wenyewe. Hivi karibuni amekuja mnunuzi wa mbao, naye aniambia kwamba mti wenye mvungu hauna maana kuachwa kwa sababu utaanguka tu. Nieleze: jike yu hai humo? Nani amemfungia? Na kama ni kusubiri, nisubiri hadi lini? (Msomaji, Gede)*

Wa alaykum salaam, ndugu yangu. Jike yu hai, na kwa maelezo uliyotoa sina shaka juu ya hilo. Hakufungiwa na mtu. Amejifungia mwenyewe kwa kazi ya siku kadhaa, dume akiwa kibarua wake wa kumletea udongo, na ukuta ule uuonao kwa nje umekandikwa zaidi kutoka ndani, kwa mdomo wa huyo huyo unayemhurumia.

Ndege wako ni hondohondo ambaye wataalamu humwita Bycanistes bucinator, na neno hilo la pili ni la Kilatini lenye maana ya mpiga tarumbeta, kwa ajili ya sauti yake. Hawa ni ndege wa misitu, na kama jamaa zao wengi wa ukoo huu wana haja moja ambayo hawawezi kujitimizia: hutaga ndani ya mti, lakini hawajui kutoboa mti. Kigogota hujichimbia tundu lake mwenyewe. Hondohondo, pamoja na mdomo ule mkubwa, hana budi kulitafuta tundu ambalo limekwisha kufanyika, tena liwe kubwa la kumtosha ndege mwenye urefu wa sentimita 60 hivi pamoja na makinda yake, na matundu ya kiasi hicho hayapatikani ila kwenye miti mikubwa iliyoishi miaka mingi, ikavunjika tawi, ikaingiwa na ukungu wa kuoza, ikaachwa.

Wakipata tundu linalowafaa, jike huingia na kuanza kuupunguza mlango. Ufundi wa ndege wa jamii hii ni wa kutazamwa kwa subira. Dume hushuka chini, huudonoa udongo na kuumeza, humo kooni huulainisha kwa mate ukawa vidonge, kisha hupanda na kuvitema kimoja kimoja katika mdomo wa mwenziwe. Jike huvipokea, huvichanganya na kinyesi chake na mabaki ya chakula, halafu huvibandika pembezoni mwa tundu na kuvipigapiga kwa ubavu wa mdomo hadi vishike. Kugongwa unakokusikia ndiko huko. Aliyewahi kukandika nyumba ya udongo atautambua mwendo wenyewe: donge, kofi, kulainisha, donge jingine. Mwisho hubaki ufa uliosimama wima, mwembamba, wa kuingia ncha ya mdomo tu. Ukuta ukikauka huwa mgumu hasa.

Kwa nini ajitie humo? Mayai na makinda ya ndege akaaye tunduni hutamaniwa na wengi. Nyoka hupanda, kanu hupanda, tumbili huingiza mkono, na tena wako hondohondo wengine wanaolitaka tundu lilo hilo kwa kuwa matundu ni machache. Ukuta wa udongo na mdomo mkubwa nyuma ya ufa ni ulinzi usiohitaji mlinzi wa nje, na ndiyo maana dume anaweza kwenda mbali kutafuta matunda akamwacha mwenziwe bila hofu.

Kuhusu wivu, nakuomba umfikishie jirani yako maneno haya kwa heshima. Jike angetaka kutoka angeubomoa ukuta, kwa sababu mwisho wa mambo ndiye mwenyewe anayeubomoa. Asichoweza ni kutoka bila kuyaacha wazi mayai. Na watafiti waliowachunguza hondohondo wa aina nyingine, aitwaye hondohondo wa Monteiro, kule Namibia, wakapima damu ya makinda na ya wazazi, walikuta kwamba makinda ni wa dume yule yule anayewalisha. Hao ni ndege wa jozi moja, na mzigo wamegawana. Nikitafuta mfano wa karibu kwetu, jike huyu naona afanana na mzazi aliye ndani ya arobaini yake, ambaye hatoki kwa sababu kazi yake wakati huo iko ndani, na wa nje wana wajibu wa kumhudumia.

Wajibu huo si mdogo. Kazi iliyonifundisha kumheshimu dume wa hondohondo ilifanywa si mbali na sisi, Amani, katika milima ya Usambara, na Reginald Moreau, Mwingereza aliyefika katika kituo cha utafiti cha huko mwaka 1928, pamoja na mkewe Winifred. Walikaa chini ya viota vya jamaa mkubwa wa ndege wako, hondohondo mwenye mashavu ya rangi ya fedha, wakahesabu. Makadirio yaliyotokana na mahesabu ya namna hiyo ni kwamba dume mmoja, katika siku kama 120 za kulea, alifika kiotani mara 1,600 na kuleta matunda yapatayo 24,000. Gawanya mwenyewe: ni safari kumi na tatu kila siku, kila safari matunda kumi na tano. Hayabebi mdomoni. Huyameza, akifika hukaa kwenye ukingo wa tundu, hutikisa shingo, na tunda moja latokea nchani mwa mdomo, analipitisha kwenye ufa, kisha jingine, kisha jingine. Ukipata darubini, hata ya kuazima, usikose kumtazama asubuhi, na uhesabu.

Ushahidi mwingine kwamba jike yu hai uko miguuni pako. Huyu ni ndege msafi: hageuzi kiota kuwa choo, bali hugeuza mkia kwenye ufa na kurusha kinyesi nje, na mbegu huzitupa vilevile. Tazama ardhi chini ya tundu, upande ule ule wa ufa. Utakuta mbegu za matunda ambayo hayamo shambani mwako, na baadhi zimeanza kuota.

Sasa muda. Kwa hondohondo wa aina yako mayai huwa mawili au matatu. Jike huchukua siku kadhaa ndani kabla ya kutaga, huyaatamia kwa karibu wiki nne, na makinda hukaa tunduni siku kama 50, wakati wote huo mama akiwa pamoja nao. Jumla ni miezi mitatu au zaidi kidogo. Ikiwa tundu liliziba mwishoni mwa Septemba, basi tarajia jike kuubomoa ukuta mwanzoni mwa Januari, na wewe usiuguse mti kabla ya katikati ya mwezi huo. Usipande kuchungulia, wala usiwaruhusu vijana wapige tundu mawe, maana dume akitishwa mara kwa mara huchelewa kuja, na anayeshinda na njaa ni aliye ndani.

Hilo ni jibu la kusubiri. Lakini swali la mnunuzi ni kubwa kuliko miezi mitatu, nami sitalikwepa. Mti hauishi kwa kiini chake. Maji hupanda kupitia mbao changa za nje na chakula hushuka kupitia gome, na mti wenye mvungu katikati waweza kusimama miongo mingi, kama mibuyu yetu inavyotuonyesha kila siku. Kauli kwamba utaanguka tu ni kauli ya mtu mwenye msumeno. Tena hondohondo hulirudia tundu lile lile mwaka hata mwaka, na jozi ikilipoteza huenda isipate jingine. Mti ni wako na riziki ni yako, na najua ada za shule hazilipwi kwa ndege. Ila ungeniuliza kama ndugu ningekuambia: uza kingine, mbambakofi wa mzee uuache usimame.

*Shikamoo babu. Sisi ni wanafunzi wa Malindi. Tulipotembelea magofu ya Gede tulimsikia hondohondo kabla ya kumwona, mabawa yake yakivuma kama mtu anayepunga mkeka. Je, pembe ile juu ya mdomo si nzito? Kwa nini mabawa yanalia? Na katika msitu wa Arabuko-Sokoke wako wa aina ngapi? (Mwanafunzi, Malindi)*

Marahaba, mwanangu. Umefanya vyema kuanza na sikio, kwa sababu ndani ya msitu mnene sikio humwona ndege kabla ya jicho.

Chini ya bawa la ndege wengi pana manyoya madogo yanayofunika mashina ya yale manyoya marefu ya kurukia, kama vigae vinavyofunika kiungo cha paa. Kwa hondohondo manyoya hayo ya chini hayatoshi kufunika, na kwa hiyo kila anapopiga bawa upepo hupenya baina ya mashina na kutoa mvumo ule uliousikia. Mfano wako wa mkeka ni mzuri, nami nitautumia siku nyingine.

Pembe si nzito kama inavyoonekana. Kwa nje ni ganda la kitu kile kile kinachofanya kucha zako, na ndani ni uwazi wenye vijiti vyembamba vya mfupa vilivyoshikana kama sponji. Dume huwa na pembe kubwa kuliko jike, na kinda huanza maisha bila pembe ya maana, kwa hiyo wenyewe kwa wenyewe wakitazamana wanajua nani ni nani na nani ni mkubwa. Wataalamu wengi huamini pia kwamba huikuza sauti. Yuko hondohondo mmoja wa misitu ya Asia ya kusini mashariki ambaye pembe yake ni nzito kweli, ngumu mithili ya pembe ya ndovu, na kwa ajili hiyo amewindwa hadi kukaribia kutoweka. Wa kwetu wamesalimika na balaa hilo.

Jambo linalonivutia zaidi kuliko pembe liko shingoni. Mifupa miwili ya kwanza ya shingo ya hondohondo imeungana ikawa mmoja, jambo ambalo hulikuti kwa ndege wa koo nyingine, na inadhaniwa ni kwa ajili ya kuuhimili mdomo ule. Mtazame pia machoni: ana kope ndefu, na kila kope ni nyoya. Anapokula, ulimi wake mfupi haufiki kwenye ncha ya mdomo, basi tunda hulishika kwa ncha, hulirusha juu kidogo, na kulidaka kooni.

Katika Arabuko-Sokoke, msitu wa takriban kilomita za mraba 420 ulio baina ya Kilifi na Malindi, wako watatu ambao nataka uwajue kwanza. Wa kwanza ni huyo wa barua ya Gede, na alama yake ni tumbo jeupe na ukingo mweupe wa bawa. Wa pili ni yule wa mashavu ya fedha, mkubwa zaidi, sentimita 75 au 80, ambaye bawa lake ni jeusi tupu na weupe wake uko mgongoni upande wa chini na nyuma ya tumbo. Pembe yake ni ya rangi ya malai, nayo huonekana kwa mbali. Wa tatu ni mdogo, mwenye mdomo mwekundu unaoelekea rangi ya chungwa na mstari wa manjano pale mdomo unapoanzia. Wawili wa kwanza nakushauri uwatofautishe kwa bawa, usihangaike na uso, kwa sababu mara nyingi utawaona wakipita juu ya miti na jua liko nyuma yao.

Huyo wa tatu ana desturi yake kiotani inayostahili kutajwa. Jike hakai ndani hadi mwisho. Makinda wakifika nusu ya ukubwa, yeye hubomoa, hutoka ili amsaidie dume kutafuta chakula, na makinda waliobaki ndani, ambao hawajapata kufunzwa na mtu, huukandika ukuta upya wenyewe.

*Salamu kutoka Lamu. Mimi ni fundi wa milango, na kazi nimeirithi. Marehemu babu alikuwa akisema kwamba mbambakofi haupandwi na mkono wa mtu. Mbao zake sasa hazipatikani kama alivyozipata yeye. Nimesikia kwamba hondohondo ndiye anayeupanda. Ni kweli, au ni hadithi? (Fundi, Lamu)*

Ni kweli kwa sehemu kubwa, bwana fundi, na maneno ya babu yako yalikuwa na msingi.

Bila shaka umewahi kulishika ganda la mbambakofi: zito, gumu kama mbao yenyewe, na likipasuka hukuta ndani mbegu nyeusi zenye kung'aa, kila moja imevaa kikombe chekundu chini yake. Kikombe hicho chenye nyama ndicho mshahara. Hondohondo hukifuata, akaitoa mbegu gandani, akaruka nayo hadi kwenye tawi la mti mwingine, akala chekundu na kuiachia nyeusi ikaanguka nzima. Bila mtu wa kuichukua, mbegu nzito kama ile huanguka chini ya mama yake, na chini ya mama hapana jua.

Kwa matunda anayoyameza mazima, kama ya mikuyu na mizambarau, safari ni ndefu zaidi. Watafiti nchini Afrika Kusini waliwafunga hondohondo wa aina hii ya Gede vifaa vidogo vya kuwafuatilia kwa setilaiti, na matokeo waliyoyachapisha mwaka 2011 yalionyesha kwamba mbegu zaweza kubebwa hadi kilomita 14.5 kutoka kwenye mti uliozaa. Huo ni karibu mwendo wa kutoka Gede hadi Malindi mjini. Mbegu nyingi huangushwa karibu zaidi ya hapo, lakini zile chache za mbali ndizo zenye thamani, kwa sababu ndege huyu haogopi kuvuka mashamba. Kwa pwani yetu, ambako msitu umebaki vipande vipande, Arabuko-Sokoke hapa, misitu ya kaya za Wamijikenda kule, kichaka cha magofu ya Gede katikati, ndege mwenye kumeza tunda kipande kimoja na kutema mbegu kipande kingine anafanya kazi isiyoweza kufanywa na upepo.

Sasa naomba tuseme ukweli baina yetu, nami nasema nikiipenda kazi yako, kwa sababu sijapata kupita mlango mzuri wa Lamu bila kusimama. Mbambakofi huchukua umri mrefu kuwa mti wa mlango, na umri mrefu zaidi kuwa mti wa tundu. Wakataji wa miaka mingi iliyopita hawakukata ovyo. Walichagua, na waliyoichagua ni ile mikubwa na iliyonyooka. Arabuko-Sokoke ulikatwa hivyo kwa muda mrefu, mbambakofi kwa ajili ya mbao na muhuhu kwa ajili ya vinyago. Mtu akiingia leo huona msitu, kijani ni kile kile, na yeye hudhani hakuna kilichopungua. Aliyepungua ni mzee wa miti. Hondohondo anayeruka juu ya msitu ule ana chakula, ana mwenzi, na huenda hana pa kutaga. Ndege huyu huishi miaka mingi, kwa hiyo tutaendelea kuwaona wazima wakipita, na kila tukiwaona tutasema wako wengi, hata kama vijana hawazaliwi.

Mafundi wa mji wenu, ambao uliingizwa katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 2001 kwa ajili ya nyumba na milango hiyo hiyo, wana sababu kuliko watu wote ya kutaka hondohondo aendelee. Na mkono wa mtu waweza kusaidia pia, kwa idhini ya babu. Mbegu za mbambakofi zikiokotwa chini ya mti, zikakwaruzwa kidogo ganda na kulowekwa usiku mmoja, huota vizuri. Mche hautakuwa mlango katika maisha yako wala yangu. Wajukuu wako nao watakuwa mafundi.

*Mheshimiwa, jioni kundi la hondohondo hupita juu ya nyumba yetu wakilia kama mtoto mchanga aliyeachwa. Watoto wanaogopa, na shangazi yao asema ni mkosi. Nifanye nini? (Mama, Malindi)*

Mama, sauti hiyo huwatisha hata watu wazima wanaoisikia mara ya kwanza. Huanza kama kilio, hupanda, hurefuka, na kundi zima likiitikiana mtu huweza kutoka na taa kumtafuta mtoto. Sababu ya kuisikia jioni ni kwamba hondohondo hawa, wasipokuwa na viota, hulala kwa makundi kwenye miti mirefu, na kila magharibi hurejea kutoka kwenye matunda, kama vile alfajiri wanavyotoka. Wanaitana wasipoteane.

Shangazi yao simbishi, maana yeye ni mkubwa na ana yake aliyoyaona. Ninachoweza kusema ni kwamba ndege anayepita kila jioni kwa saa ile ile, njia ile ile, anakwenda kulala. Watoe watoto nje kabla ya magharibi, wasimame nawe, wahesabu wangapi wamepita na wameelekea wapi. Kesho wahesabu tena. Mtoto anayehesabu kitu, hofu yake hupungua, na baada ya wiki moja watakuwa wao ndio wanaokuita wewe.

*Nataka kumlea kinda wa hondohondo nyumbani. Nimtoe tunduni akiwa na umri gani? (Msomaji, Watamu)*

Usimtoe kabisa. Kwanza, sheria ya Kenya ya uhifadhi wa wanyamapori ya mwaka 2013 hairuhusu kumshika wala kumfuga mnyama wa porini bila leseni. Pili, humfikii kinda bila kubomoa ukuta, na ukuta ukibomolewa kabla ya wakati umewafungulia mlango nyoka na kanu kwa wote waliobaki. Tatu, ulisoma hapo juu ni matunda mangapi kwa siku.

*Sisi ni kikundi cha vijana wanaoishi kando ya msitu. Kama miti yenye matundu imepungua, je, hatuwezi kuwatengenezea masanduku ya kutagia? (Vijana, Gede)*

Mnaweza kujaribu, na mna mfano mzuri wa kufuata. Nchini Thailand, Profesa Pilai Poonswad alianza kuwachunguza hondohondo mwaka 1978, na alipofika katika mlima wa Budo aliwakuta wanakijiji waliokuwa wakipanda miti kuiba makinda na kuyauza. Hakuwafukuza. Aliwaajiri wao wenyewe kuwa walinzi wa viota, akisema kwa vitendo kwamba anayejua njia ya kukipanda kiota ndiye anayefaa kukilinda. Kazi hiyo ikampatia tuzo ya Rolex mwaka 2006. Huko matundu yaliyoharibika hutengenezwa, yaliyopanuka sana hupunguzwa, na viota vya kubuni hutundikwa palipopungukiwa.

Kwa hiyo kabla ya kununua mbao na misumari, zungukeni kwanza kwenye mashamba ya wazee mkaitafute miti yenye mvungu iliyobaki, na mwandike iko wapi na nani mwenyewe, kwa ruhusa yao. Sanduku lichukulieni kuwa la akiba. Ndani ya msitu wenyewe msitundike kitu bila kuzungumza na maofisa wa misitu na wa wanyamapori. Na mkumbuke kwamba nyuki nao wanatafuta matundu, wakiingia kwanza kwenye sanduku basi limekuwa mzinga.

Mnaye mwenyeji wa kuanzia, yule ndugu wa barua ya kwanza, akikubali. Naye namwomba jambo moja: siku ukuta utakapobomolewa, aandike tarehe na makinda waliotoka ni wangapi, nami nitaichapa hapa. Vipande vya ukuta vitakuwa vimeanguka chini ya mti. Aokote kimoja, akigeuze upande uliokuwa ndani, ataona mbegu zilizokandikwa humo pamoja na udongo.